Kutembelea kiwanda cha Kiuchi, Japani: kuona na kuonja

Kiuchi kipo Naka, mkoa wa Ibaraki. Kilianza na sake, yaani pombe ya mchele, mwaka 1823, kikaongeza bia mwaka 1996. Ndicho kinachotoa bia ya Hitachino Nest. Weka nafasi mapema. Kutoka Tokyo panda treni hadi Mito, kisha ya reli ya Suigun hadi Hitachi-Kōnosu. Treni hizi za pili ni chache, kwa hiyo angalia ya kurudi kabla hujaonja chochote.

Asubuhi hiyo usile natto, yaani soya zilizochachushwa. Mito inasifika kwa natto, na hotelini utawekewa tu. Bakteria wake ni wagumu kufa. Wakiingia kwenye wali wa sake huharibu koji, ukungu unaogeuza wanga wa wali kuwa sukari. Manukato nayo yaache: hayadhuru bia, yanakuharibia pua.

Kwenye kuonja, anza na nyepesi, malizia na nyeusi na kali. Ukianza na stauti, ile bia nyeusi, White Ale, bia yao nyepesi ya ngano, utaiona maji matupu. White Ale inywe isiwe baridi sana: zungusha glasi, nusa, subiri dakika chache, nusa tena. Ndipo giligilani, kungumanga na ganda la chungwa vinapojitokeza. Kunywa maji kati ya glasi na glasi.

Umri halali ni miaka 20. Anayeendesha asiguse hata tone. Sheria humbana hata abiria aliyepanda akijua dereva amekunywa. Baiskeli nayo imo katika sheria ya kutoendesha ukiwa umekunywa.