Namna ya Kuchunguza Nafasi ya Dini na Mila katika Uasi wa Vietnam

Mwanafunzi anapoulizwa kwa nini wanavijiji wa Vietnam waliwaunga mkono waasi, mara nyingi hukimbilia mojawapo ya majibu mawili: ama walilazimishwa kwa bunduki, ama walikuwa na kiu ya ardhi. Majibu yote mawili yana ukweli, lakini hayatoshi kueleza kwa nini eneo moja liliwaficha wapiganaji kwa miaka mingi ilhali eneo jirani, lenye wakulima maskini vilevile, liliwafungia milango. Sehemu kubwa ya tofauti hiyo imo katika dini na mila. Mwongozo huu unaeleza namna ya kuitafuta, kuipima na kuiandika bila kuikuza kupita kiasi.

Taja kwanza ni uasi upi

Kulikuwa na harakati mbili zilizopokezana. Ya kwanza ni Viet Minh, iliyoundwa Pac Bo karibu na mpaka wa China mwezi Mei 1941 chini ya Ho Chi Minh, kiongozi wa wakomunisti, ikapigana na Wafaransa hadi ushindi wa Dien Bien Phu tarehe 7 Mei 1954. Ya pili ni Chama cha Ukombozi cha Kusini, yaani National Liberation Front, kilichotangazwa mkoani Tay Ninh tarehe 20 Desemba 1960 ili kuiangusha serikali ya Vietnam Kusini iliyokaa Saigon. Jina "Viet Cong" walibandikwa wapiganaji hao na wapinzani wao, kwa hiyo ukilitumia, eleza hilo mapema. Usichanganye ushahidi wa harakati hizi mbili, kwa sababu Mbuddha wa mwaka 1946 aliyemkabili mkoloni wa Kifaransa hakuwa katika hali moja na Mbuddha wa mwaka 1963 aliyetawaliwa na rais Mkatoliki wa taifa lake mwenyewe.

Usianze na neno "dini"

Ukianza kwa kuuliza kijiji kilikuwa cha dini gani, utapata jibu fupi lisilokusaidia. Wavietnam wengi waliishi ndani ya mafundisho matatu kwa pamoja, yaani Ubuddha, Ukonfusio na Udao, na chini yake palikuwa na jambo la kale zaidi: heshima kwa wazazi waliokufa. Kila nyumba ilikuwa na madhabahu ya wahenga, makaburi yalikuwa katikati ya mashamba ya mpunga, na baadhi ya familia zilitenga sehemu ya urithi ili mazao yake yagharimie ubani na karamu za kuwakumbuka wafu. Msomaji wa Kiswahili ana faida hapa, kwa kuwa lugha yetu tayari inatofautisha dini na tambiko. Litumie neno tambiko bila woga, maana liko karibu zaidi na mambo hayo kuliko neno ibada.

Kwa hiyo swali lako la kwanza liwe hili: mwanakijiji huyu alijiona ana wajibu kwa nani, na ni upande gani ulimzuia kuutimiza? Chukua mfano wa vijiji vya kimkakati, mpango wa serikali ya Ngo Dinh Diem, yule rais Mkatoliki wa Vietnam Kusini, ulioshika kasi mwaka 1962. Katika maandishi ya maofisa, mpango huo ulikuwa wa ulinzi: wakulima wangekusanywa ndani ya ua na mahandaki ili waasi wasiwafikie. Mahali ambapo watu walihamishwa kwa nguvu, kama ilivyotokea Ben Cat mwezi Machi mwaka huo, mkulima hakupoteza nyumba tu, bali alitenganishwa na makaburi ambayo yeye ndiye aliyepaswa kuyatunza. Mchambuzi asiyejua habari ya makaburi ataona hapo hasara ya mali, na atashindwa kuelewa uzito wa hasira iliyofuata.

Ongeza hapo habari ya utawala wa kijiji. Wavietnam wana msemo kwamba sheria ya mfalme hushindwa na desturi ya kijiji. Kila kijiji cha kale kilikuwa na jumba lake la pamoja, palipoheshimiwa roho mlinzi wa kijiji na palipokutana wazee. Mwaka 1956 Diem aliondoa uchaguzi wa mabaraza ya vijiji na kuweka maofisa walioteuliwa kutoka juu. Waasi hawakuhitaji kuhubiri sana baada ya hapo. Iliwatosha kumwonyesha mwanakijiji ofisa mgeni aliyewekwa juu yake.

Chunguza lugha ya uhalali

Hatua hii ndiyo yenye utajiri mkubwa kuliko zote, nami nakusihi uipe muda. Katika fikra za Kikonfusio, mtawala hushika kiti kwa idhini ya Mbingu, na idhini hiyo huweza kuondoka. Njaa, mafuriko na vurugu ni dalili kwamba imeanza kuondoka. Sasa litazame tukio la tarehe 30 Agosti 1945 mjini Hue, wakati mfalme Bao Dai alipojiuzulu na kuwakabidhi wajumbe wa Viet Minh muhuri na upanga wa kifalme. Kaskazini mwa nchi ilikuwa imetoka kwenye njaa iliyoua mamia ya maelfu ya watu, na kwa wengine idadi hiyo hufikia milioni mbili. Siku tatu baadaye, tarehe 2 Septemba, Ho Chi Minh alitangaza uhuru katika uwanja wa Ba Dinh, Hanoi. Ukisoma matukio hayo kwa macho ya mtu aliyelelewa na fikra hizo, utaona kwamba Viet Minh hawakuwa chama kilichonyakua madaraka tu, walikuwa wamekabidhiwa.

Fikra hiyohiyo inaeleza ukimya wa wengi. Mtu anayeamini kwamba Mbingu itaamua anaweza kukaa nyumbani na kusubiri aone inakoelekea. Usiuandike ukimya huo kama uungaji mkono, wala kama upinzani.

Chunguza pia maneno ya ukoo. Viongozi wa mapinduzi walichukua wito wa zamani wa kuwa mwaminifu kwa mfalme na mtiifu kwa wazazi, wakaugeuza uwe uaminifu kwa nchi na utiifu kwa wananchi. Muundo wa wajibu ulibaki uleule. Aliyebadilika ni anayestahili kupewa wajibu huo. Ho Chi Minh mwenyewe aliitwa Bac Ho, na hapa tafsiri zilizopitia lugha za Ulaya zimetupotosha, kwa maana huandikwa "Mjomba Ho". Neno bac kwanza humaanisha kaka mkubwa wa baba. Kwa Kiswahili sahihi yeye ni Baba Mkubwa: mtu wa ukoo wa baba, mwenye mamlaka hata juu ya baba yako, lakini aliye karibu nawe kuliko mfalme. Jina hilo lilifanya kazi ya kisiasa ambayo hotuba nyingi zisingeweza kuifanya.

Gawanya kila dini kwa eneo na kwa mwaka

Sentensi kama "Wakatoliki waliwapinga waasi" ipewe tarehe au ifutwe. Askofu Le Huu Tu wa Phat Diem alikubali kuwa mshauri wa serikali ya Ho Chi Minh katika siku za mwanzo za uhuru, kwa sababu naye alikuwa mzalendo. Uhasama ulikuja baadaye, chama cha kikomunisti kilipozidi kubana. Baada ya mkataba wa Geneva wa Julai 1954, ulioigawa nchi kaskazini na kusini, watu wapatao laki nane hadi milioni moja walihamia kusini, wengi wao Wakatoliki, nao wakawa nguzo ya utawala wa Diem.

Imani ya Hoa Hao ni mfano ninaoupenda kuliko mingine, kwa kuwa unaonyesha jinsi tendo moja linavyoweza kufunga eneo zima. Ilianzishwa mwaka 1939 na kijana Huynh Phu So katika delta ya Mto Mekong, ikiwa ni Ubuddha wa wakulima maskini, usiohitaji mahekalu makubwa wala makasisi: maji safi, maua na kitambaa cha kahawia vilitosha kwa madhabahu. Kwa tabaka na kwa chuki dhidi ya mkoloni, watu hao wangeweza kuwa askari bora wa mapinduzi. Lakini mwezi Aprili 1947 Viet Minh walimuua Huynh Phu So. Tangu hapo ngome za Hoa Hao, hasa An Giang, zikawa miongoni mwa sehemu ngumu zaidi kwa waasi kupenya, hata katika miaka ya 1960.

Hata hivyo usisimame hapo. Miaka ya 1955 na 1956 Diem aliyavunja majeshi ambayo madhehebu kama Hoa Hao yalikuwa nayo. Jemadari mmoja wa Hoa Hao aliyeitwa Ba Cut alikatwa kichwa mwaka 1956, na mwaka huohuo Pham Cong Tac, kiongozi wa Cao Dai, imani iliyozaliwa mwaka 1926 yenye makao yake Tay Ninh, alikimbilia Kambodia. Baadhi ya mabaki ya majeshi hayo yaliingia upande wa waasi. Hawakuwa wamegeuka wakomunisti; walikuwa wamekosa mahali pengine pa kwenda.

Kuhusu Wabuddha wa mwaka 1963 uwe mwangalifu sana. Tarehe 8 Mei mjini Hue waumini walipigwa risasi wakipinga kukatazwa kupeperusha bendera yao katika sikukuu ya Buddha, na tarehe 11 Juni mtawa Thich Quang Duc alijichoma moto mjini Saigon. Matukio hayo yaliondoa heshima ya serikali, na Diem akapinduliwa na kuuawa mwanzoni mwa Novemba. Lakini vuguvugu la watawa lilikuwa na madai yake na viongozi wake. Wengi walitaka amani, wala hawakutaka ushindi wa chama cha kikomunisti. Kuwahesabu kama tawi la waasi ni kurudia tuhuma zilizotolewa na waliowapiga risasi.

Pima makosa ya waasi kwa kipimo kilekile

Mageuzi ya ardhi ya kaskazini, kati ya mwaka 1953 na 1956, yaliwafanya majirani na jamaa washitakiane hadharani, na watu wengi waliuawa, hata uongozi wenyewe ukakiri makosa mwaka 1956. Hayo yaligonga moyo wa mila ileile iliyowapa uhalali. Shambulio la waasi la Tet, yaani mwaka mpya wa Kivietnam, la mwaka 1968 nalo lisomwe kwa pande mbili. Lilikumbusha ushindi wa mfalme Quang Trung dhidi ya jeshi la China katika Tet ya mwaka 1789, na kumbukumbu hiyo ina nguvu. Vilevile liliangukia siku ambazo watu hurudi kwao kuwakaribisha wahenga nyumbani, tena wakati wa usitishaji vita uliokuwa umetangazwa. Andika yote mawili.

Soma vyanzo kwa kuuliza nani alikuwa anamsikiliza

Mahojiano mengi ya miaka ya 1960 yalifanywa na watafiti wa Kimarekani, wakiwamo wa taasisi ya RAND, kwa mateka na kwa watu waliojisalimisha. Mtu wa namna hiyo hujua jibu litakalompendeza anayemuuliza. Kwa hiyo usitegemee sana sababu anazozitaja. Tafuta matukio anayoyasimulia bila kuulizwa. Alipoondoka nyumbani, nani aliachiwa madhabahu? Alimwomba nani ruhusa? Rafiki yake alizikwa wapi? Jeshi la Marekani lenyewe lilitambua uzito wa swali hilo la mwisho, likarusha usiku kwa vipaza sauti vilio vilivyorekodiwa vya roho zinazotangatanga kwa kukosa maziko, ili kuwatisha wapiganaji. Nyaraka za chama zisome kwa tahadhari hiyohiyo, na nyimbo na mashairi ya vijijini yasome kama ushahidi wa maneno yaliyoeleweka, si ushahidi wa idadi ya walioyaamini.

Mwishoni, unapoandika hoja yako, usitumie maneno "kuunga mkono" bila kiwango. Kulikuwa na aliyenyamaza alipowaona wapiganaji wakipita, aliyetoa kibaba cha mchele, aliyelipa kodi yao kila msimu, na aliyemtoa mwanawe wa kiume, yule ambaye ndiye angemchomea ubani baada ya kufa. Kwa kila kiwango andika wajibu uliotimizwa na wajibu uliovunjwa, pamoja na jina la mkoa na mwaka.