Prezentesheni kazini: sema unachotaka mapema, na namba nzito iweke juu

Kabla hata hujagusa laptopu chukua karatasi uandike sentensi moja tu: watu watakaokuwa mbele yangu wakitoka pale nataka wafanye nini. Sio "nitawaelezea hali ya utunzaji wa chanjo wilayani", hapana, hiyo ni mada, na mada haimpi mtu kazi ya kufanya. Andika "nataka kamati ipitishe hela ya friji mpya ya chanjo kabla mwezi haujaisha". Ukiona sentensi hiyo inakushinda basi huna prezentesheni bado, una ripoti, na ripoti watumie kwa barua pepe wakaisome kwa nafasi yao.

Twende na huo huo mfano wa friji maana wengi wetu kazini ndo vitu tunavyofanya, sio kila mtu anazindua simu mpya jukwaani. Tuseme wewe ni mratibu wa chanjo hospitali ya wilaya. Chanjo nyingi zinatakiwa zikae kati ya nyuzi 2 na 8, zikikaa juu ya hapo nguvu inashuka, na kuna zingine zikiganda tu ndo basi hazifai tena. Friji yako imechoka. Sasa watu wengi wanaanzaje? Slaidi ya kwanza nembo na jina la hospitali, ya pili historia ya chanjo nchini, ya tatu dira na dhamira, ya nne muundo wa idara, hapo wajumbe wameshaanza kuchungulia simu zao, na friji yenyewe inakuja kutokea slaidi ya kumi na saba wakati mwenyekiti anasema jamani tufupishe muda umekwenda. Yaani jambo lililokuleta ndo linakosa muda.

Geuza huo mpangilio. Simama, salamu fupi, itifaki izingatiwe kwa sentensi moja (kama mgeni rasmi yupo mtaje yeye na mwenyekiti, inatosha, usipitie meza nzima mtu mmoja mmoja kama sherehe za kitaifa), halafu moja kwa moja: "Friji yetu mchana inapanda mpaka nyuzi 11, chanjo zilizomo ni za watoto wa kata zote sita, naomba kamati ipitishe hela ya friji mpya leo." Umemaliza. Muda wote uliobaki ni wa kuwaonyesha kwanini wakuamini. Kuna watu wanaona hivi ni utovu wa adabu, kwamba mkubwa huwezi kumuomba kitu kabla hujazunguka, mimi sikubali, mkubwa ana vikao vinne siku hiyo na kumwambia mapema unachohitaji ndo kumheshimu kwenyewe.

Na hili la kuweka jambo zito juu sio suala la urembo, kuna mfano mmoja natamani kila mtu anayetengeneza slaidi aujue. Januari 16 mwaka 2003 chombo cha anga cha Columbia kiliruka kutoka Florida, sekunde kama 82 baada ya kuruka kipande cha povu kikabanduka kwenye tangi la nje la mafuta kikagonga bawa la kushoto. Chombo kikafika juu kikaendelea na kazi, huku chini wahandisi wa Boeing wakaandaa slaidi kuwaeleza mameneja wa NASA, shirika la anga la Marekani, kama lile pigo ni hatari au la. Kuna slaidi moja pale ambayo kichwa chake cha habari kilimpa msomaji picha kwamba mambo sio mabaya sana, chini yake vipengele ndani ya vipengele, herufi zinazidi kupungua, na mstari wa chini kabisa ndo ukasema kwamba povu lililogonga lilikadiriwa kuwa inchi za ujazo 1920 wakati majaribio waliyokuwa wanayategemea yalitumia kipande cha inchi za ujazo 3. Piga hesabu, ni mara 640. Yaani kwenye majaribio kilikuwa kipande cha kama mililita 50, kwenye bawa walikadiria kimegonga cha lita 31 na zaidi. Maana yake yale majaribio hayawezi kukuambia kitu cha uhakika kuhusu lile bawa, na hiyo ilitakiwa iwe ndo kichwa cha habari.

Februari 1 Columbia ikavunjika ikiwa inarudi, juu ya Texas, wanaanga wote 7 wakafa. Kilichoua ni bawa lililotobolewa na povu, na maamuzi mabovu yalikuwa mengi sio slaidi peke yake, ila tume iliyochunguza ajali ile ilitoa ripoti Agosti 2003 na ikaizungumzia slaidi hiyo moja kwa moja, kwa kutumia uchambuzi wa Edward Tufte, mtaalamu wa namna ya kuonyesha takwimu, ikasema ni rahisi kuelewa meneja wa juu angeweza kuisoma asitambue kwamba inahusu hatari ya maisha. Mimi kila nikifikiria hilo nakumbuka ni wahandisi wazuri, namba waliijua, waliiandika, haikufichwa, imekaa tu mahali ambapo macho yanafika yakiwa yamechoka.

Kwa hiyo kwenye kazi yako jiulize namba yangu nzito ni ipi, ile ambayo mtu akiijua anabadili uamuzi, halafu ipe slaidi yake peke yake. Kichwa cha slaidi kiwe sentensi kamili yenye habari ndani. "Mwenendo wa jotoridi" haimwambii mtu kitu, "Friji inavuka nyuzi 8 kila siku kuanzia saa sita mchana" hiyo imeshamaliza hata kama hajaangalia grafu. Chini yake weka grafu moja tu, mstari wa joto na mstari mwekundu pale kwenye 8, basi. Usibandike jedwali zima la Excel lenye safu ishirini halafu useme "najua hamuoni vizuri lakini", kama unajua hatuoni umeliweka la nini? Jedwali lichapishe, wagawie, atakayetaka kuhakiki ahakiki. Rangi za kijani juu ya bluu achana nazo, maneno yanayoruka kutoka pembeni achana nayo, na herufi zikaguliwe kwa kwenda kusimama mwisho wa chumba wewe mwenyewe uone kama unasoma.

Halafu kusoma slaidi neno kwa neno. Hapa ndo wengi tunapotezana. Watu wanasoma kimya kwa haraka kuliko wewe unavyosoma kwa sauti, kwa hiyo wakimaliza wanakungoja, na wakikungoja wanachoka na wewe. Kama kweli mambo yako ni marefu na yanahitaji maandishi, andika maandishi. Kule Amazon, mwanzilishi wake Jeff Bezos alipiga marufuku PowerPoint kwenye vikao vya viongozi wake mwaka 2004, badala yake mtu analeta waraka wa kurasa sita na kikao kinaanza watu wote wamenyamaza wanasoma, ndo mjadala unafuata. Sisemi ofisini kwako mfike huko, ila ukurasa mmoja uliogawiwa siku moja kabla unaweza kufanya kazi kubwa kuliko slaidi thelathini, hasa kwa mtu wa fedha ambaye anataka kuona hesabu zake kwa utulivu.

Sasa kuongea kwenyewe. Hoja zishike chache. Novemba 1978, jeshi la Idi Amin limeshaingia Kagera, Mwalimu Nyerere akaweka mbele ya Watanzania kazi moja na vitu vitatu vya kuibeba: uwezo, sababu na nia. Vitatu tu, tena kila kimoja kwa umbo lile lile la maneno, na mpaka leo watu ambao hawakuwa wamezaliwa wanaweza kukutajia vyote. Angeweka tisa nani angekumbuka? Kwa friji yako tatu zinatosha sana: chanjo zinaharibika, kutengeneza ile ya zamani hakusaidii tena, na bei ya mpya hii hapa. Hoja ya nne na ya tano zifiche kwa ajili ya maswali, utazihitaji.

Fanya mazoezi kwa sauti, umesimama, simu inarekodi. Kusoma kichwani ukiwa kitandani sio mazoezi, kichwani kila sentensi inapita vizuri, ni mdomo ndo unaokuonyesha kwamba sentensi ni ndefu pumzi inakata katikati. Ukijisikiliza utazisikia zile "eee", "aaa", "kwa hiyo basi kimsingi". Toastmasters, hivi vilabu vya kujifunza kuongea vilivyoanzia California mwaka 1924 na hata Dar na Nairobi vipo, wana mtu maalumu kazi yake kuhesabu "eee" za msemaji, na wewe unaweza kumpa kazi hiyo mwenzako wa dawati la pili. Dawa ya "eee" ni kunyamaza tu. Nyamaza sekunde mbili, kwako zitaonekana ndefu sana, kwa msikilizaji ni nafasi ya kumeza ulichosema. Mwanzo wako na mwisho wako vikariri kabisa, katikati jua tu mpangilio, maana ukikariri yote ukipoteza neno moja umepotea kabisa.

Na lugha: ongea ile ambayo chumba kinaielewa. Kama slaidi ni za Kiingereza kwa sababu mfadhili yupo, sawa, lakini ukiona fundi mkuu na muuguzi kiongozi wamenyamaza rudia hoja nzito kwa Kiswahili, hao ndo watakaoitumia friji. Macho yapeleke kwa mtu mmoja mpaka sentensi iishe ndo uhamie kwa mwingine, sio ukutani na sio kwa bosi tu.

Maswali yaandalie kuliko unavyoandaa slaidi. Kaa na mtu mkorofi wa ofisini kwenu siku mbili kabla mwambie akubane kwa maswali, atakuuliza kwanini usinunue ya mtumba, umeme ukikatika itakuwaje, kwanini mwaka jana hamkusema. Hayo ndo yatakayoulizwa. Ukiulizwa usichokijua sema "hilo sina, nitalileta kwa maandishi kesho saa nne", halafu kweli lilete. Mjumbe akianza hotuba badala ya swali msubiri amalize, chukua kipande kimoja chenye maana ukijibu hicho, usibishane naye mbele ya watu hata kama kakosea, mpe namba tu.

Mambo ya vifaa haraka haraka: fika nusu saa mapema, kebo ya HDMI na adapta yako mwenyewe beba, faili liwe kwenye flashi na kwenye simu pia, na pia lihifadhi kama PDF maana fonti huwa zinakimbia ukihamia kompyuta nyingine. Chapisha nakala chache, umeme ukikatika unaendelea bila kusimama. Kama ni kwa Zoom funga WhatsApp kwenye laptopu kabla hujaonyesha skrini, na umwombe mtu mmoja awe anakusomea maswali ya kwenye chati kwa sababu wewe hutayaona. Muda uliopewa ukiwa dakika 20 andaa za 15.

Na kamati ikisema ndiyo usiondoke hivi hivi unafunga laptopu kwa furaha, hapo hapo uliza nani anaandika dokezo la manunuzi na linafika kwa nani na lini, majina hayo na tarehe yasome kwa sauti kabla watu hawajasimama, jioni yake watumie wote kwa barua pepe ya mistari mitano na ile grafu moja ndani.