Gari la mnada wa korti: jinsi ya kulihamisha hadi jina lako (Kenya)

Haya yanahusu gari lililokamatwa kwa waranti ya korti ili deni lilipwe, kisha dalali akalinadi. Magari yanayouzwa na benki au forodha yana njia nyingine. Naandika baada ya kumsaidia shemeji yangu na gari lake, Toyota Probox. Yeye, kama wengi, alidhani risiti ya dalali inamaliza kazi.

1. Kabla hujataja bei

Ingia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, kwenye huduma za NTSA (mamlaka ya usalama barabarani, inayosajili magari), uitishe rekodi ya gari. Ni shilingi 550. Tazama kama aliyesajiliwa ndiye mdaiwa mwenyewe, na kama kuna benki au sako iliyosajiliwa pamoja naye. Ikiwa ipo, huenda nayo inalidai gari hilo, na mimi huyo narudi nyumbani, hata gari liwe la bei ya kutupa. Tafuta pia kwenye sajili ya dhamana (orodha ya mali zilizowekwa rehani kwa mikopo) iliyoletwa na sheria ya mwaka 2017 kuhusu mali inayohamishika.

2. Siku ya mnada

Lipa kupitia benki. Hata kabla gari halijatoka yadini, dai hati ya mauzo, nakala ya waranti, tangazo la gazetini na leseni ya dalali ya mwaka huo. Ukishaondoka, simu zako hazitapokelewa upesi.

3. Nambari ya chesisi

Ni nambari iliyogongwa kwenye mwili wa gari. Isome kwenye chuma chenyewe, kwa tochi, na uipige picha. Usiinakili kutoka kwa karatasi ya dalali.

4. Amri ya korti

Hapa ndipo watu hukwama miezi. Mwenye gari wa zamani amenyang'anywa mali yake kwa lazima. Hatakuja kuidhinisha uhamisho kwenye akaunti yake, wala hatakuletea logibuku, yaani hati ya umiliki wa gari. Kwa hiyo korti ndiyo inayosimama mahali pake. Unaomba amri inayomwelekeza Mkurugenzi Mkuu wa NTSA alisajili gari kwa jina lako.

Ombi hilo lipeleke ndani ya kesi ileile iliyozaa mnada, likiambatana na hati ya kiapo na karatasi zote za hatua ya 2. Ukikutana na wakili anayetaka kufungua kesi mpya, muulize sababu. Mara nyingi ni gharama tu. Mdai, mdaiwa na NTSA wote wapewe nakala, la sivyo hakimu ataahirisha.

Maneno ya amri ndiyo roho ya jambo. Tuliyoipata kwanza ilisema tu kwamba "mauzo yamethibitishwa". Kaunta ya NTSA waliitazama wakairudisha, kwa sababu haikumwamuru mtu yeyote kufanya lolote. Hakikisha rasimu ina:

- jina lako kama lilivyo kwenye kitambulisho na PIN ya KRA (nambari yako ya kodi), bila kufupisha;
- nambari ya usajili, ya chesisi na ya injini (chesisi ya Probox huanza kwa mfano NCP51, kisha kistari; angalia kama rekodi ya NTSA ina kistari hicho na uifuate);
- tarehe ya mnada na jina la dalali;
- kwamba uhamisho ufanywe bila logibuku ya asili na bila idhini ya mwenye gari wa zamani;
- kwamba zuio lolote lililowekwa kwenye rekodi liondolewe.

Sifuri ikiandikwa kama herufi O, unarudi kortini kuomba marekebisho. Soma amri ukiwa bado kwenye masijala, kabla haijapigwa muhuri, halafu uombe nakala kadhaa zilizoidhinishwa. Nakala ya fotokopi haina kazi.

Usingoje. Sheria ya Trafiki inampa mmiliki mpya siku 14 kuomba usajili ubadilishwe, na faili ikilala, kuitafuta ni kazi nyingine.

5. Ukaguzi na NTSA

Panga ukaguzi mtandaoni. Nairobi ni Likoni Road, kule Industrial Area, si Likoni ya feri, Mombasa. Kisha wasilisha ombi la uhamisho wa lazima pamoja na amri, karatasi za dalali, ripoti ya ukaguzi, kitambulisho na PIN. Ada hutegemea ukubwa wa injini. Mabroka wa nje ya lango wapite mbali. Hakuna wanachofanya ambacho wewe huwezi.

Mpaka logibuku itoke, weka nakala moja iliyoidhinishwa ndani ya gari. Polisi akipekua rekodi ataona jina la mdaiwa.