Namna ya kuandaa mwito wa nguruwe kwa ajili ya mashindano

Katika maonyesho ya kilimo ya jimbo la Iowa nchini Marekani, yanayofanyika katika mji wa Des Moines kila Agosti, washindani hupanda jukwaani mmoja baada ya mwingine na kuwaita nguruwe. Mwito huo ulikuwa kazi kabla ya kuwa mchezo. Wakulima wa Marekani waliwaachia nguruwe wao wakajitafutie mbegu za mialoni msituni, na jioni wakawaita warudi wale mahindi. Na kwa kuwa nguruwe wa majirani walichanganyika huko, kila mkulima alikuwa na mwito wake.

Hatua ya kwanza, ambayo wengi huiruka kwa hasara yao, ni kuujaribu mwito mbele ya nguruwe wenyewe. Kila unapowalisha, ita kwa maneno yaleyale na kwa mpangilio uleule, wala usiite hata mara moja bila kuwapa chochote. Nguruwe haoni vizuri, lakini husikia vyema na hujifunza upesi. Baada ya siku kadhaa, simama mbali mahali wasipoweza kukuona, usitikise debe la mahindi, kisha ita. Wakija mbio, mwito unao. Wasipokuja, urefushe, au ubadilishe mwanzo wake.

Hatua ya pili ni pumzi. Vuta hewa mpaka tumbo litanuke, huku koo na taya vikiwa vimelegea, kwani anayeilazimisha sauti kooni hukaukiwa mapema.

Hatua ya tatu ni umbo la mwito. Anza chini kwa “suuu” ndefu, kisha ipandishe ghafla iwe nyembamba kwenye “iii”, na umalizie kwa “pig, pig, pig” fupi za harakaharaka. Mashabiki wa timu za Chuo Kikuu cha Arkansas, ambazo nembo yake ni nguruwe mwitu, wanaoita “Woo pig sooie” viwanjani, huinua mikono polepole kadiri sauti inavyopanda. Fanya hivyo mazoezini, kwani husaidia kugawa pumzi.

Majaji kwa kawaida hupima ukubwa wa sauti, uwazi na ubunifu, lakini mimi huthamini zaidi mwito unaosadikika. Basi ukiwa jukwaani usimtazame jaji. Tazama mbali, kama vile malisho yapo upande ule, na baada ya neno la mwisho nyamaza kidogo, kama mtu anayesikiliza kwato.