Jinsi ya Kubuni Mwezi wa Pili kwa Hadithi ya Uganda

Mtunzi anayetaka kuweka gimba jipya linalong'aa katika anga la hadithi yake hushawishika kuanza na kisasili: mungu aliyekasirika, binti wa mfalme, laana ya kale. Nashauri uanze na hesabu. Watu husimulia wanachokiona, na wanachokiona hutegemea ukubwa wa gimba hilo, umbali wake na mwendo wake. Ukishayajua hayo, utaona kisasili kinajitengeneza, na msomaji makini hatapata pa kukitilia shaka.

Kwanza amua mwanga unatoka wapi. Gimba kubwa linalojiwakia lenyewe ni nyota, na nyota haiwezi kuwa jirani ya dunia bila kuiunguza. Kwa hiyo ni salama zaidi kuchagua mwezi mdogo unaoakisi mwanga wa jua. Wangu nauita Kandili. Mwezi tunaoufahamu uko wastani wa kilomita 384,400 kutoka duniani, una kipenyo cha kilomita 3,474 na hukamilisha mzunguko wake kwa siku 27.3. Kandili nimeuweka kwenye robo ya umbali huo, yaani kilomita 96,100, ukizunguka sambamba na ikweta, na nimeupa kipenyo cha kilomita 87, ambacho ni 1/40 ya kipenyo cha mwezi.

Sasa fanya hesabu. Kanuni ya tatu ya Kepler inasema kwamba mraba wa muda wa mzunguko huenda sambamba na kipeo cha tatu cha umbali, hivyo robo ya umbali hutoa 1/8 ya muda, yaani siku 3.4. Kwa kuwa dunia nayo hujizungusha kuelekea upande huohuo, Kandili utachomoza kila baada ya saa 34 hivi, utakaa angani kwa takribani saa 16, na utatoka mpevu hadi mpevu kwa siku tatu na nusu. Upana wake machoni utakuwa 1/10 ya upana wa mwezi na mwanga wake 1/100, iwapo uso wake unaakisi kwa kiwango kilekile. Hata hivyo utaishinda Zuhura zaidi ya mara kumi. Mvuto wake kwa maji ya bahari, ukiwa na mawe ya uzito uleule, hautazidi 1/1000 ya ule wa mwezi, kwa hiyo usimwandike mvuvi wa Mombasa akiulaumu kwa bamvua.

Mahali pa kuutazamia pawe mahususi. Pale Kayabwe, kwenye barabara ya Masaka, wasafiri husimama kupigwa picha kwenye alama ya ikweta. Mhusika wako akisimama hapo usiku wenye giza, Kandili utapanda wima kutoka mashariki, na kivuli chake hafifu kitafupika taratibu mpaka kiishie chini ya nyayo zake. Mhusika aliye Gulu au Moroto, miji ya kaskazini mwa ikweta, hataona hivyo kamwe, kwa sababu kwake Kandili utainama kidogo kuelekea kusini.

Jambo lenye utajiri zaidi ni kupatwa. Kwa kuwa Kandili unazunguka juu ya ikweta, kivuli cha dunia huufikia tu siku ambazo jua nalo liko karibu na ikweta: siku tisa hivi kabla na baada ya Machi 20, na vivyo hivyo karibu na Septemba 23. Katika kila kipindi utapatwa mara tano hivi, kila mara kwa muda usiozidi saa moja na nusu au zaidi kidogo, na ni baadhi tu ya nyakati hizo ambazo Uganda itakuwa usiku. Linganisha tarehe hizo na kalenda ya shamba. Kusini mwa nchi, mvua za kwanza huanza mwezi Machi na za pili mwezi Septemba. Mkulima wa Masaka atasema kwamba Kandili humezwa ili mvua inyeshe, naye atakuwa na ushahidi mara mbili kwa mwaka. Karamoja, eneo la wafugaji kaskazini mashariki, ina msimu mmoja wa mvua katikati ya mwaka, kisha kiangazi kirefu. Kwa mfugaji wa huko, kumezwa kwa Machi ni ahadi, na kumezwa kwa Septemba ni onyo la kuhamisha ng'ombe. Kwa hiyo usiwape Waganda, Wakaramoja na Wanyankole kisasili kimoja. Wape anga moja, kisha acha maisha ya kila jamii yaifasiri.

Usidhani kwamba namna hii ya kufasiri anga ni njozi ya mtunzi. Biharwe, karibu na Mbarara, kuna kumbukumbu ya kupatwa kwa jua kunakohusishwa na mwaka 1520, na simulizi za Nkore, ufalme wa kale wa Wanyankole, zinaeleza jinsi jeshi la ufalme wa Bunyoro lilivyoshikwa na hofu likaacha ng'ombe lililowateka. Agosti 14, 1992, vimondo vilianguka Mbale. Kipande kidogo kilimgonga kijana kichwani baada ya kupunguzwa kasi na mgomba, wala hakikumdhuru. Tukio la kwanza liligeuka habari ya vita na mifugo, la pili habari ya migomba na kijana mmoja. Kisasili chako nacho kihitaji kitu cha kushikika kama hivyo.

Mwisho, tafuta nani anaufaidi mwanga huo. Wavuvi wa mukene, yaani dagaa, katika Ziwa Viktoria huvutia samaki kwa taa usiku usio na mbalamwezi, kwa sababu mwezi mpevu hufifisha taa zao. Kandili, kwa 1/100 ya mwanga huo, hautawaharibia kazi, ila utawaonyesha mashariki na magharibi wakiwa mbali na ufuko. Wao ndio ningewapa nyimbo zake, kabla ya kuhani yeyote. Kisha andaa jedwali la machomozo yake kwa mwezi mzima wa hadithi, ukiongeza saa 34 kila mstari, na ukague kila tukio la usiku dhidi ya jedwali hilo kabla hujamruhusu mhusika yeyote kuinua macho.