Kabla Hujaanza Kumsoma Božena Němcová

Ukitaka kumjua mwandishi huyu wa Kicheki wa karne ya 19, anza na "Babička", yaani Bibi, riwaya iliyotoka mwaka 1855. Ila usiifungue ukitarajia visa vya kukimbizana. Kitabu kinakwenda kwa majira ya mwaka: bibi anahamia kwa binti yake ili awalee wajukuu, basi kuna sala, hadithi, Krismasi, Pasaka, na wageni wanaopita kupiga soga. Msomaji mwenye haraka atakitupa kwenye kurasa za mwanzo, kwa hiyo jipe jioni kadhaa.

Usiiruke habari ya Viktorka. Ni msichana aliyeandamwa na askari mpaka akarukwa na akili, akawa anaishi msituni na kuimba usiku kando ya mto, hadi radi inapomuua. Kwa maoni yangu, bila yeye kitabu kizima kingekuwa utamu mtupu.

Jambo ambalo wengi hulikosa ni hali aliyokuwa nayo mwandishi. Němcová aliozwa mwaka 1837, akiwa na miaka 17, kwa Josef Němec, afisa wa forodha aliyemzidi umri sana, na ndoa ile haikuwa na raha. Baada ya vuguvugu la mapinduzi la 1848 serikali ya Austria, iliyotawala nchi ya Wacheki wakati huo, iliwatilia shaka wote wawili. Mume akahamishiwa Hungaria, mke akabaki Praha na watoto, polisi wakimchunguza. Mwaka 1853 mwanawe wa kwanza, Hynek, akafariki. Kile kijiji chenye amani cha kitabuni kilitungwa na mama aliyefiwa, aliyekuwa akiomba msaada kwa marafiki ili watoto wapate chakula. Alikufa Januari 1862, bado maskini, na leo sura yake iko kwenye noti ya koruna 500.

Kwa sababu hiyo usiisome riwaya kama shajara. Bibi halisi, Magdalena Novotná, alikaa na familia hiyo miaka michache tu, na Barunka, mjukuu mkubwa wa kitabuni, ni Němcová mwenyewe aliyepambwa kidogo. Kuhusu uvumi kwamba alikuwa mtoto wa siri wa watu wakubwa, utaukuta kila mahali. Mimi nisingeupotezea muda.

Kumbuka pia kwamba wakati ule Kijerumani ndicho kilichotawala maofisini na katika elimu ya juu. Mwanamke kuandika kwa Kicheki, na kukusanya ngano za wanakijiji, Wacheki na baadaye Waslovakia, kulikuwa ni kuchagua upande.

Tafsiri za Kiingereza zipo. Unapotafuta, andika Nemcova bila alama zake kama kibodi yako haina, na usitumie Němec, kwani wanawake wa Kicheki hubeba jina la mume kwa umbo la kike.

Na kama safari itakufikisha Ucheki, nenda Ratibořice, karibu na mji wa Česká Skalice, kwenye bonde ambamo hadithi ya kitabu inatokea. Angalia kwanza ratiba ya kasri, maana makasri mengi ya huko hufungwa au hupunguza saa wakati wa baridi. Bonde lenyewe halina mlango: kinu, nyumba ya Staré bělidlo anamoishi bibi kitabuni, sanamu ya bibi na wajukuu, na kizuizi cha maji cha Viktorka vyote vimefuata mto Úpa, na hutembelewa kwa miguu. Vaa viatu vizuri.