Divya Bharti: uanze na picha ipi, umalizie na ipi

Usianze na kifo. Ukitafuta jina la mwigizaji huyu wa sinema za Kihindi mtandaoni utamiminiwa video za ile ghorofa ya tano alikoanguka kule Versova, Mumbai, Aprili 5, 1993, na kila msimulizi ana muuaji wake. Polisi walifunga jalada mwaka 1998 wakisema ilikuwa ajali. Alikuwa na miaka 19. Hayo yakutoshe, twende kwenye kazi.

Anza na Deewana, ya 1992. Wengi huifungua kwa ajili ya Shah Rukh Khan, maana ndiyo picha yake ya kwanza kutoka, lakini yeye huingia hadithi ishafika mbali. Kabla yake ni Divya na Rishi Kapoor. Mtazame Divya, humo akiitwa Kajal, akiwa mke anayependwa, kisha mtazame akiwa mjane. Msichana ambaye hajafika hata miaka ishirini anapunguza kila kitu: hatua, sauti, mpaka namna ya kuinua macho. Mimi hapo huirudisha nyuma kila mara. Picha hii ndiyo iliyompa tuzo ya sura mpya ya Filmfare, tuzo za filamu za India.

Ya pili iwe Vishwatma, iliyotoka Januari mwaka huohuo. Alikuwa ameshajulikana kwa Kitelugu tangu Bobbili Raja ya 1990, ila kwa lugha ya Kihindi hapa ndipo alipoanzia. Na sisi Wakenya hii ni yetu pia, kwani imepigwa Nairobi. Nenda kwenye wimbo wa Saat Samundar. Anamwimbia Sunny Deol kwamba amevuka bahari saba kumfuata, na jamaa amekaza uso tu. Usikilize mara moja kwa muziki wa Viju Shah, halafu zima sauti uutazame upya. Bila muziki utaona kazi inafanywa na uso kuliko miguu: anatabasamu kabla ya mkono kuinuka, na macho hayamwachi Sunny. Kwetu Mombasa wimbo huu ulipigwa harusini mpaka kanda zikalegea.

Ukitaka kumwona akicheka, weka Shola Aur Shabnam, yeye na Govinda. Mwaka ule mmoja alitoa picha zaidi ya kumi, nyingine za haraka haraka. Si lazima uzimalize zote.

Rang na Shatranj zilitoka baada ya kufa kwake. Alishamaliza kupigwa picha lakini hakuwahi kuingiza sauti, ikabidi atiliwe ya mtu mwingine. Kwa hiyo humo mtazame, usimpime kwa anavyosema.

Laadla iache mwisho. Alikuwa ameshaigiza sehemu kubwa alipofariki. Ikapigwa upya na mwigizaji mwingine, Sridevi, ikatoka 1994. Vipande vya Divya vipo mtandaoni. Tazama kwanza picha nzima ya Sridevi, ndipo uvitafute. Ukianza na vipande, utakaa saa nzima ukimtafuta Divya, na kazi nzuri ya Sridevi itakupita.